SOMO: Jinsi ya kukaa meza moja na wewe mwenyewe, kama Maya Deren

Naandika mara moja, inboksi imenichosha. Wote mnauliza namna nilivyokaa mezani na pacha wangu kwenye ile filamu yangu fupi ya kuijibu Meshes of the Afternoon, filamu ya 1943 ya mtengenezaji filamu Maya Deren, ambamo anakaa mezani na pacha zake.

1. Itazame yote kwanza. Ni dakika 14 hivi.

2. Chagua kitu kimoja cha kukijibu: ufunguo, kisu, ua, au yule mwenye uso wa kioo. Mimi nilichukua ufunguo. Ukibeba vyote umenakili, hujajibu.

3. Kamera kwenye stendi.

4. Funga fokasi na mwanga kwa mkono, usiache otomatiki. Hapa ndipo nilipoumbuka. Nilijirekodi mara mbili: kwanza nimekaa kushoto na shati jeupe, kisha kulia na jeusi. Kamera ikajirekebishia mwanga yenyewe. Kuja kuunganisha, meza nusu kahawia, nusu kijivu. Isitoshe jua la dirishani lilikuwa limesogea, kikombe kimoja kina vivuli viwili! Funga pazia, washa taa. Anza kurekodi kabla hujakaa na usiiguse tena kamera. Na mkono usivuke katikati ya meza, utakatika.

5. Kwenye kuhariri, laza kipande juu ya kipande, ficha nusu ya cha juu, lainisha ukingo.

MASWALI

— Mkuu, app gani?
— Yoyote inayoweza kuficha nusu ya picha. Hatua ya 5.

— Nimefuata kila kitu, picha inacheza.
— Stendi ilisogea?
— Nilishika mkononi.
— Hatua ya 3 ina maneno matatu tu, ndugu yangu.

— Zamani bila kompyuta hili lilifanyikaje?
— Swali zuri. Unaziba nusu ya lenzi, unapiga, unarudisha filamu nyuma ndani ya kamera, unaziba nusu ya pili, unapiga tena juu ya ileile. Ukikosea kipande cha pili, na cha kwanza kimekwenda. Ukishaweza hili, jaribu zile hatua za Deren: mguu unanyanyuka mchangani, unatua kwenye nyasi. Siri ni kukata mguu ukiwa hewani.

— Naweza kutumia muziki wake?
— Filamu ilianza bila sauti. Muziki wa Teiji Ito uliongezwa 1959. Usiuguse, rekodi sauti zako. Ufunguo wangu ulipoanguka ulisikika kama sarafu, nikaishia kudondosha kufuli.