Somo: Sharubati ya ndimu na asumini (na jibu la "mbona yangu imetoka chungu?")

Naandika mara moja ili nisiandike tena. Tangu kaskazi ianze na joto lake, kila nikishika simu nakuta swali lile lile: "Dada, ile sharubati yako ya asumini wafanyaje? Yangu imetoka chungu." Nimejibu kwa maandishi, nimejibu kwa sauti, na juzi nimejibu nikiwa kwenye tuktuk natoka sokoni Marikiti, ndimu zimejaa mapajani. Basi. Somo ndilo hili, na atakayeuliza nitamtuma hapa.

Vitu: ndimu 10 za ganda jembamba, zile zinazoanza kugeuka manjano (zile ngumu za kijani utakamua mpaka mkono ukuume ndipo upate matone), sukari vikombe 2, matumba ya asumini 40 hivi, chumvi kidogo sana, na maji ya kunywa. Nasema ya kunywa. Visima vyetu vingi hapa kisiwani Mombasa maji yake yana chumvichumvi. Yaoge, fulia, lakini usiyatie kwenye sharubati kisha uje kuniambia asumini yako ina kasoro.

1. Chuma asumini jioni, karibu na magharibi. Chuma matumba meupe yaliyovimba, ambayo hayajafunguka. Yawe ya mti unaoujua, usiopuliziwa dawa. Ukinunua, nunua matumba matupu. Usivunje koja wala kikuba kilichokwisha tengenezwa, maana hivyo hunyunyiziwa marashi na mafuta ya manukato, na manukato si chakula. Tena, si kila ua jeupe linukialo ni asumini. Olianda inapandwa nyua nyingi mjini hapa, maua yake mazuri, na ni sumu kuanzia jani hadi mzizi. Kama huna uhakika na mti, muulize mtu mzima anayesuka makoja. Usiniletee picha ya giza ukitaka nikuamulie.

2. Kung'uta sisimizi, suuza upesi kwa maji baridi, ng'oa vikonyo vya kijani.

3. Lowesha. Hapa ndipo watu wanapoharibu, na mimi ndiye niliyetangulia kuharibu.

Mwaka wangu wa kwanza wa ndoa, mwezi wa Ramadhani, mavyaa alikuja kufuturu kwetu. Nikataka kumwonyesha kwamba mwanawe hakuoa ovyo. Nikachukua asumini bakuli zima, nikaitia sufuriani pamoja na sukari na maji, nikafunika, nikachemsha dakika ishirini. Jikoni kulinukia mpaka jirani akauliza kwa dirishani kuna harusi gani. Nami nikafurahi, sikujua kwamba harufu ile iliyokuwa inazunguka jikoni ndiyo iliyotakiwa ibaki ndani ya jagi. Ilipanda na mvuke, ikaenda zake. Kilichobaki sufuriani ni maji ya rangi ya chai iliyolala, yananuka kama mchicha, na uchungu wa kukunja uso. Nikaongeza sukari. Nikaongeza tena. Mavyaa alipiga funda moja, akaiweka gilasi taratibu, akasema, "Mashallah. Na dawa hii ni ya nini, mwanangu?"

Kwa hiyo: asumini haioni moto. Haichemshwi, haimwagiwi maji ya moto, haiwekwi juani "ili itoe". Chukua bakuli pana la gilasi au la udongo, tia maji baridi ya kunywa lita 1, yaeleze matumba juu ya maji, funika kwa sahani. Yaache mezani mpaka saa nne za usiku yafunguke, kisha bakuli lote litie kwenye friji. Alfajiri, kabla au baada ya kuswali, chuja kwa kitambaa safi na maua uyatupe. Usiyakamue! Ukiyakamua unatoa uchungu ule ule. Na usiyaache mpaka adhuhuri kwa tamaa ya harufu zaidi. Petali zikigeuka kahawia, maji huanza kunuka kama ya chombo cha maua kilichosahauliwa. Maji haya weka kwenye friji, yatumie siku hiyo hiyo.

4. Shira: sukari vikombe 2, maji kikombe 1, ichemke dakika tano, epua. Ipoe kabisa. Vuguvugu si kupoa.

5. Kamua ndimu. Zisukume kwanza mezani kwa kiganja zilainike, kata kwa upana, kamua kwa mkono, chuja kokwa. Acha mara maji yanapokwisha kutiririka; usikamue mpaka ganda lilie, maana mafuta ya ganda na ule utando mweupe ndio nusu ya uchungu mnaonilalamikia. Kamulia kwenye bakuli la gilasi au plastiki. Sufuria zetu za alumini hazipatani na ukali wa ndimu, ukiacha muda utakunywa ladha ya bati.

6. Changanya: maji yote ya asumini, maji ya ndimu kikombe 1, shira kikombe 1, chumvi ya kushika kwa ncha za vidole viwili. Onja. Ongeza shira ukitaka. Barafu itie kwenye gilasi, si kwenye jagi, isije ikakuyeyukia ukabaki na maji matupu. Shira iliyobaki hukaa kwenye friji wiki mbili bila wasiwasi. Sharubati yenyewe inywe siku hiyo.

Haya, ulizeni. Someni kwanza, kisha ulizeni.

MASWALI

Mwana Likoni: Asalaam aleikum dada, shukran kwa somo. Mimi sina subira ya usiku kucha. Naweza kuchemsha maua dakika tano tu?
Jibu: Waaleikum salaam. Hatua ya 3.

Mwana Likoni: Nimeisoma. Lakini dakika tano tu?
Jibu: Hata mbili. Rudi pale kwa mavyaa.

Mla Viazi Karai: Nimefanya kila kitu kama ulivyoandika, na bado chungu. Pengine somo lina makosa.
Jibu: Ndimu umezikamua kwa kitu gani?
Mla Viazi Karai: Nimezitia kwenye blenda na maganda yake, nikachuja.
Jibu: Basi si kila kitu.
Mla Viazi Karai: Kwani lazima ujibu kwa ukali?
Jibu: Ndugu yangu, wewe ni wa nane tangu Jumatatu, na umeanza kwa kusema somo lina makosa. Jagi hilo usilimwage. Ongeza chumvi kidogo mno, ukoroge, uonje. Chumvi hupunguza uchungu kuliko sukari. Ongeza maji baridi nusu jagi. Halitakuwa kama linavyotakiwa, lakini litanyweka.

Binti Bamburi: Dada, nimependa hapo pa kuchuma jioni. Kwa nini jioni? Asubuhi naona maua yamefunguka na yananukia vizuri tu.
Jibu: Swali hilo nimelingoja tangu asubuhi. Asumini hii yetu hufunguka giza likiingia, na harufu yake huitoa usiku. Lile unalolinusa asubuhi ni masalio. Sehemu kubwa limekwisha kuipa hewa. Ukichuma tumba magharibi ukalieleza majini, linafungukia hapo hapo, na maji ndiyo yanayopokea. Wachina wana ufundi huu kwenye chai yao ya asumini, mji wa Fuzhou unasifika kwa hiyo. Matumba huchumwa mchana, usiku huchanganywa na majani makavu ya chai, maua yanafunguka humo na chai inakunywa harufu. Asubuhi maua hupepetwa yakatolewa, na kwa chai ya hali ya juu hurudiwa na maua mapya, usiku baada ya usiku. Kwa hiyo ukitaka yako ikolee, usiongeze muda. Chuja alfajiri, weka maji kwenye friji, jioni yake eleza matumba mapya kwenye maji yale yale. Hapo yatumie kesho yake asubuhi, usiyalaze tena.
Binti Bamburi: Allah akuzidishie. Leo jioni nafanya, na sitamwambia mtu mpaka nionje.

Babu wa Bandari: Mimi bibi yangu, Mungu amrehemu, akichemsha sharubati ya maua na ilikuwa tamu. Nyinyi wa siku hizi mwajifanya mwajua.
Jibu: Shikamoo babu. Sikatai ya bibi. Alikuwa akichemsha nini hasa?
Babu wa Bandari: Marahaba. Majani ya mlimau na mchaichai. Waridi alitia mwisho, sufuria ishashuka mekoni, kisha akafunika.
Jibu: Basi bibi na mimi twasema jambo moja. Jani linastahimili moto, ua hakulipeleka motoni. Na ile ya majani ya mlimau, babu, ukikumbuka vipimo vyake tuandikie.

Fundi Baiskeli: Sina asumini. Kuna chupa ya marashi ya waridi ilibaki harusini, ile ya kutia kwenye mrashi. Kijiko kimoja kitatosha?
Jibu: USITIE. Marashi ya kunyunyizia wageni ni ya nguo na mikono. Nunua maji ya waridi yaliyoandikwa kwenye chupa kwamba ni ya chakula, na kwa jagi hili kijiko 1 cha chai chatosha. Ukizidisha utahisi unakunywa sabuni.

Bi Kilua: Na ua la kilua je?
Jibu: Kilua ni cha kuvaa, shoga.

Mgeni Kisauni: Rosela inafaa? Mume wangu aipenda.
Jibu: Yafaa, lakini hiyo ni sheria nyingine. Rosela iliyokaushwa ndiyo yataka maji ya moto, haina harufu ya kupotea. Chemsha, chuja, ipoe. Ni chachu yenyewe, kwa hiyo ndimu 3 zatosha badala ya 10. Na ukitaka kumfurahisha zaidi, loweka mbegu za rehani kijiko kimoja robo saa zivimbe, utie juu kama kwenye faluda.

Mwana Likoni: Naweza kutia maziwa?
Jibu: Kwenye ndimu? Yatakatika.

Muuza Madafu: Dada, nimefanya hii kwa biashara pale ufukweni Mama Ngina. Nilikamua ndimu nyingi, nikakaa juani kutwa. Siku ya pili mikono imeingia madoa meusi na sehemu moja imetoa malengelenge. Ni asumini?
Jibu: Pole sana. Si asumini, ni ndimu na jua. Maji ya ndimu yakikaukia kwenye ngozi kisha jua likaipiga, ngozi huungua, na madoa yake hukaa wiki nyingi. Malengelenge usiyapasue, nenda zahanati wayaangalie. Na tangu leo kamulia kivulini, uoshe mikono kwa sabuni mpaka viwiko kabla hujatoka. Ningeliandika hili juu huko kwenye hatua ya 5, kosa langu.

Binti Bamburi: Dada, na maganda ya ndimu zote hizi? Naona uchungu kuyatupa.
Jibu: Achari! Yakate vipande, tia chumvi nyingi kwenye chupa ya gilasi kavu, funika, weka juani kila siku utikise. Wiki tatu nne yatalainika na kugeuka kahawia. Hapo tia pilipili ya unga na maji ya ndimu kidogo. Chupa ikiwa na unyevu itaota ukungu, kwa hiyo kausha kweli kweli.

Babu wa Bandari: Achari ya Mvita haitiwi sukari.
Jibu: Na mimi nimetaja sukari wapi, babu?
Babu wa Bandari: Samahani mwanangu. Nilisoma haraka.