Fotomontaji kwa mkono: kukata, kupanga na kugandisha

Hatua ya 1: Amua kuhusu maungio

Fotomontaji ni picha moja inayoundwa kwa kuunganisha vipande vya picha nyingine. Kabla hujashika wembe, amua: mahali picha mbili zinapokutana, mtazamaji apaone au asipaone? Msanii wa Kijerumani Hannah Höch aliacha paonekane. Katika kazi yake Das schöne Mädchen (Msichana Mrembo) ya 1920, mwanamke ana taa ya umeme mahali pa kichwa, na mkato uko wazi kabisa. John Heartfield, naye Mjerumani, alificha. Mwaka 1932, katika AIZ, jarida la picha la wafanyakazi wa Ujerumani, alimwonyesha Hitler akihutubia, kifua chake kikiwa picha ya eksirei na uti wa mgongo ukiwa safu ya sarafu. Jicho linakubali kwanza, ndipo akili inashtuka.

Anayeanza namshauri afuate njia ya Höch. Inamlazimisha kufikiria maana ya picha kabla ya ufundi wa kuhadaa jicho.

Hatua ya 2: Vifaa

Majarida ya zamani, kisu cha karatasi chenye wembe wa kubadilisha, kadibodi, msasa laini, brashi na gundi nyeupe. Picha za familia usizikate, toa nakala.

Hatua ya 3: Kata

Anza na matundu ya ndani, kwa mfano uwazi kati ya mkono na kiuno, ndipo ufuate umbo la nje. Ukianza nje, kipande kinalegea na kitachanika ukirudi ndani. Mkono wenye kisu utulie. Kinachozungushwa ni karatasi. Pita ndani kidogo ya mstari ili rangi ya mandhari ya zamani isibaki pembeni. Nywele usizifuate uzi kwa uzi: kata umbo lake la jumla, kwa mkono usiositasita. Wembe ukianza kuvuta karatasi badala ya kuikata, badilisha hapo hapo.

Kama umechagua kuficha, geuza kipande na usugue ukingo kwa nyuma na msasa, ukielekea nje, mpaka uwe mwembamba. Kisha pitisha penseli ya rangi inayofanana kwenye ule weupe uliobaki. Weupe huo ndio unaoumbua kazi nyingi.

Hatua ya 4: Panga bila gundi

Chunguza mwanga unatoka upande gani kwenye kila kipande. Uso ulioangazwa kutoka kushoto hauwezi kukaa vizuri juu ya mwili ulioangazwa kutoka kulia, labda uwe unautaka huo mgongano. Ikibidi, chapisha nakala iliyogeuzwa, kushoto kuwe kulia.

Kila mpangilio upige picha kwa simu, uitazame bila rangi. Kipande chenye weusi au weupe uliozidi kitajitokeza mara moja.

Mandhari nayo isiwe ya kujazia nafasi. Wangechi Mutu, msanii mzaliwa wa Nairobi, alibandika vipande vya majarida juu ya michoro ya zamani ya kitabibu ya magonjwa ya wanawake. Ukurasa wenyewe tayari ulikuwa na la kusema kuhusu mwili wa mwanamke, na sura alizozijenga juu yake zinaujibu.

Hatua ya 5: Gandisha

Paka gundi kidogo, kutoka katikati kwenda pembeni. Weka kipande, funika kwa karatasi safi, sugua kwa kiganja. Gundi ikikauka kadibodi hupinda, hivyo gandisha karatasi tupu upande wa nyuma pia. Tandika nailoni juu, ulaze vitabu vizito, uache hadi kesho yake.