Ukucha ukibadilika rangi: usome kwanza, dawa baadaye

Wiki haipiti bila mgonjwa kunimwagia mezani mfuko wa dawa alizonunua kabla ya kuja kwangu: vidonge vya fangasi, tyubu mbili tatu za krimu, chupa ya siki, pengine na karafuu zilizosagwa kwenye kikaratasi. Anakuwa amejitibu fangasi miezi mitano. Nikimpima, fangasi hana. Katika kucha zinazodhaniwa kuwa na fangasi, karibu nusu tu ndizo zenye fangasi kweli. Zilizobaki zina mambo yake mengine. Mimi ni tabibu wa ngozi hapa Tanga, na ninayoyaandika ndiyo ninayoyafanya mgonjwa anapokaa kwenye kiti. Mengi yake unaweza kuyafanya mwenyewe nyumbani.

Hatua ya 1: Toa rangi yote, kaa penye mwanga

Ondoa rangi ya kucha kwa asetoni. Kama ni jeli au kucha za kubandika, usizibandue kwa meno wala kwa ncha ya kisu, maana zinatoka na tabaka la juu la ukucha wako. Lowesha pamba kwa asetoni, iweke juu ya ukucha, zungushia karatasi ya foili, subiri dakika 10 hadi 15, kisha sukuma taratibu. Nawa kwa sabuni, kausha, kaa dirishani au barazani. Mwanga wa taa unadanganya, hasa kwenye njano.

Angalia vidole vyote 20. Akija mtu kunionyesha dole gumba la mkono, namwomba avue viatu kwanza. Mara nyingi jibu liko miguuni. Ukucha mmoja ukiharibika peke yake, fikiria kwanza kitu kilichoupata ukucha huo: kipigo, maji, vijidudu, uvimbe. Zikibadilika kucha zote 10 za mikono kwa pamoja, fikiria mwili mzima au dawa unazotumia.

Hatua ya 2: Jua rangi imekaa wapi

Rangi ya juu, ya ndani na ya chini ya ukucha ni vitu vitatu tofauti, na hapa ndipo watu wengi wanapopotea.

Kwangua taratibu kwa tupa ya kucha. Rangi ikitoka na unga, ilikuwa juu: mabaki ya rangi ya kucha, moshi wa sigara, bizari, au fangasi weupe wanaokaa juu ya kucha za miguu. Isipotoka, bonyeza ncha ya ukucha sekunde tatu nne. Rangi ikififia unapobonyeza, iko kwenye nyama na mishipa ya damu chini ya ukucha. Isipobadilika hata kidogo, ama imo ndani ya ukucha wenyewe, ama kuna kitu kimeganda chini yake.

Hatua ya 3: Weka alama, piga picha

Ukucha wa mkono unakua kama milimita 3 kwa mwezi, wa mguu milimita 1 hadi 1.5. Kwa hiyo wa mkono unajibadilisha wote kwa miezi 6 hivi, na wa kidole gumba cha mguu kwa mwaka 1 hadi mwaka na nusu. Ukiijua hesabu hii, ukucha unakuwa kalenda.

Wanawake wa pwani wanaijua kalenda hiyo bila kufundishwa. Hina ikishashika kwenye ukucha haitoki kwa sabuni wala asetoni; inasubiri kukatwa. Bibi mmoja alinijia baada ya Iddi ya kuchinja akihofia kwamba ukucha "unajigawa": chini mweupe, juu wa rangi ya machungwa. Nikamuuliza, "Bibi, hina ulipaka lini?" Akasema, "Iddi ya mfungo mosi, mwanangu." Nikaweka rula: milimita 7. Kati ya Iddi mbili kuna siku kama 70. Ukucha wake ulikuwa unakua vizuri kama wa kijana, na hakuwa na ugonjwa wowote.

Nawe fanya hivyo. Piga picha ya ukucha karibu na rula, mahali pamoja, mwanga uleule, mara moja kwa mwezi. Doa linalosogea kuelekea nchani linaondoka. Doa lisilosogea, au linalopanuka kutokea shinani, ni habari nyingine.

Hatua ya 4: Linganisha na rangi

*Njano.* Kama hupitishi wiki bila rangi nyekundu au ya zambarau nzito, basi ni rangi hiyo imezama. Pumzisha kucha, na siku nyingine tanguliza ile rangi ya maji isiyo na kitu ndani yake. Njano inayoambatana na ukucha kuwa mnene, kumeguka kama kiazi kikavu na kuinuka, hasa miguuni, ndiyo inayofanana na fangasi. Lakini soriasi, ugonjwa wa ngozi unaoleta magamba, nayo inafanya hivyohivyo. Tafuta vishimo vidogo kama vilivyochomwa kwa sindano kwenye kucha za mikono, na magamba kwenye viwiko, magoti au kichwani. Kucha zote zikiwa njano, nene, na kama zimeacha kukua, huku una kikohozi kisichoisha au miguu imevimba, nenda hospitali ukapimwe kifua.

*Nyeupe.* Vidoa vidogo vyeupe si upungufu wa kalsiamu, ingawa utaambiwa hivyo kila duka la dawa. Ni alama za vipigo vidogo kwenye shina la ukucha, na vinatoka vyenyewe. Nyeupe ya kuangaliwa ni ile inayotanda kucha zote, ikiacha ukanda mwembamba tu wa rangi nchani, ambayo huonekana kwa wagonjwa wa ini. Au nusu nyeupe na nusu ya kahawia, ambayo huonekana kwa wenye figo zilizochoka. Na fangasi weupe wanaoanzia shinani, si nchani, ni sababu ya kwenda kupima VVU kama hujapima karibuni. Kucha zilizopauka na kubonyea katikati kama kijiko zinaonyesha upungufu wa madini ya chuma: pima damu.

*Bluu au kahawia.* Muulize mtu dawa anazotumia kabla ya kitu kingine. Zidovudini, ambayo bado ipo kwenye baadhi ya mchanganyiko wa ARV, inaleta mistari ya bluu au kahawia, na zaidi kwa watu wenye ngozi nyeusi. Baadhi ya dawa za saratani nazo hivyohivyo. Rangi hiyo haina madhara na wala si sababu ya kuacha dawa. Nakuomba sana, usiache ARV kwa ajili ya ukucha. Upungufu wa vitamini B12 pia unatia kucha weusi, na unarudi nyuma ukitibiwa. Lakini kucha na midomo ikiwa ya bluu ghafla na mtu anahema kwa shida, usisome zaidi: mpeleke hospitali sasa hivi.

*Kijani.* Hii imeongezeka tangu kubandika kucha kulipokuwa kwa kila mtu. Msichana mmoja alikuja akiwa ameficha mkono ndani ya mtandio. Kucha za bandia zilikuwa na wiki ya tano, moja ilikuwa imeinuka pembeni, naye akaigundisha tena kwa gundi ili ifike harusi ya dada yake. Tulipoitoa, ukucha wake chini ulikuwa kijani cha chupa, umeachana na nyama hadi katikati. Hauumi, ila una harufu ya utamutamu.

Huyu si fangasi. Ni bakteria aitwaye Pseudomonas, anayependa maji yaliyonasa mahali pasipo na hewa, na kijani ni rangi anayoitoa mwenyewe. Vidonge vya fangasi havimgusi. Matibabu yake ni haya: toa ukucha wa bandia, kata sehemu yote iliyoinuka ili hewa iingie, loweka kidole kwenye siki ya mezani sehemu 1 kwa maji sehemu 4, dakika 10, asubuhi na jioni, kisha kausha kabisa. Tabibu anaweza kuongeza dawa ya matone ya antibayotiki. Ukifua au kuosha vyombo, vaa glavu za mpira na za pamba ndani yake. Bakteria wanakwisha ndani ya wiki chache, doa linabaki mpaka ukucha ukue. Usibandike mwingine juu yake kuficha. Ndivyo msichana yule alivyofika hapo.

Wale vijana wanaopita mitaani na kikapu cha rangi wanafanya kazi halali na ninawaheshimu. Tatizo ni tupa moja kwa nyumba 20. Nunua tupa na kikatio chako, mpe atumie vyako. Na mwambie asiikate wala kuisukuma ile ngozi laini ya shina la ukucha. Ile ndiyo kizibo. Ikiondoka, maji yanaingia, na hapo ndipo wauza samaki na mama ntilie wanapopata mdudu wa kidole usiokwisha, kisha kingo za ukucha kuwa za kahawia na mawimbimawimbi.

*Nyeusi.* Hapa nataka tukae.

Ukigonga kidole na nyundo, au ukicheza mpira na viatu vinavyobana, damu inaganda chini ya ukucha: nyekundu iliyokolea, kisha zambarau, kisha nyeusi. Kama ni ya leo au jana na inapwita kiasi cha kukunyima usingizi, tabibu anatoboa kitundu kidogo, damu inatoka na maumivu yanakatika papo hapo. Usijitoboe mwenyewe. Isiyouma iache, itasogea na ukucha.

Mstari mweusi au wa kahawia unaotoka shinani hadi nchani ni kitu kingine. Kwetu Waafrika ni jambo la kawaida sana. Mtu akifika miaka 50 karibu lazima awe nao angalau kwenye ukucha mmoja. Mistari kadhaa, kwenye vidole kadhaa, membamba, rangi moja, isiyobadilika mwaka hadi mwaka, isikunyime usingizi. Lakini kuna mmoja wa kuogopwa. Melanoma, saratani ya chembe za rangi, kwa watu weusi hupenda zaidi nyayo, viganja na chini ya kucha. Bob Marley alianzia hapo: doa kwenye kidole gumba cha mguu wa kulia, likadhaniwa ni jeraha la mpira, likatambuliwa mwaka 1977, naye akafariki Mei 1981 akiwa na miaka 36.

Nenda ukaonwe mwezi huohuo, si mwakani, ukiona hivi kwa mtu mzima: mstari mpya kwenye kidole kimoja tu, hasa dole gumba la mkono au la mguu, upana unaozidi milimita 3, mstari mpana shinani kuliko nchani, rangi zilizochanganyika au kingo zisizoeleweka, weusi uliovuka ukucha na kutia ngozi ya pembeni, ukucha uliopasuka au unaotoa damu bila kugongwa.

Dereva mmoja wa lori aliniambia dole gumba lake limekuwa na "mstari wa grisi" miaka miwili. Nikaufuta kwa spiriti, haukufutika. Ngozi ya shina nayo ilikuwa imeanza kuwa nyeusi, doa dogo kama mbegu ya ufuta. Nikamwandikia rufaa siku ileile wakamkate kinyama cha kupima. Ilikuwa melanoma ya mapema. Alipoteza pingili moja, na bado anaendesha. Kwa upande wa kaskazini, kliniki ya ngozi ya hospitali ya KCMC Moshi, palipo na kituo cha mafunzo ya magonjwa ya ngozi tangu 1992, inawapokea wagonjwa wa namna hii. Dar es Salaam, Muhimbili.

Hatua ya 5: Ukishuku fangasi, pima

Usipake dawa yoyote ya fangasi wiki kadhaa kabla ya kipimo, la sivyo majibu yatatoka safi kwa uongo. Maabara wanasafisha kwa spiriti, wanakata ukucha uliokufa na kukwangua unga ulio chini yake, kadiri iwezekanavyo karibu na ukucha mzima. Unga wa nchani pekee mara nyingi hauna kitu. Darubini inatoa majibu siku hiyohiyo, kuotesha, yaani kuwakuza fangasi maabara, kunachukua wiki 3 hadi 4.

Hatua ya 6: Tibu, kisha subiri

Krimu peke yake haipenyi ukucha mnene. Dawa ninayoitegemea ni tabinafini miligramu 250 mara moja kwa siku: wiki 6 kwa kucha za mikono, wiki 12 kwa za miguu. Mwenye ini bovu, mjamzito, anayenyonyesha, au anayetumia dawa nyingine za kila siku, amwone daktari kwanza. Wengine nawapima ini kabla ya kuanza. Wakati huohuo tibu ngozi ya nyayo na katikati ya vidole kwa klotrimazoli au marhamu ya Whitfield, maana fangasi wa ukucha wanatoka huko. Soksi badili kila siku, viatu vya kufunika vianike juani.

Jiki, mafuta ya taa na maji ya betri viache. Nimefunga vidonda vya waliojaribu vyote vitatu.

Baada ya wiki 12 ukucha wa mguu utakuwa bado wa njano, na hapo wengi wanarudi kwa hasira wakitaka dozi nyingine. Angalia shinani, siyo nchani. Chukua picha ya mwezi wa kwanza na ya mwezi wa tatu, weka rula. Ukiona ukanda msafi wa milimita 3 au 4 unaochomoza, dawa imeshika; kata uliokufa unavyosogea. Usipouona, rudi kwa tabibu na picha zako mkononi, muanze upya kwenye hatua ya 2.