Somo: Umegongwa na gari? Usingoje fidia ije yenyewe

Assalaamu alaykum. Maswali ya ajali za barabarani hapa Zanzibar yamekuwa mengi, na karibu yote yana dhana moja ndani yake: polisi wakishamaliza na dereva, aliyeumia atalipwa. Halipwi. Kesi ya trafiki ni ya serikali dhidi ya dereva, na akitozwa faini, pesa inaingia serikalini. Fidia ni kesi ya madai, na wa kuifungua ni wewe. Hata dereva akiachiwa huko, hujashindwa bado: kwenye jinai kosa lithibitishwe bila shaka, kwenye madai inatosha ushahidi wako uwe mzito kuliko wake.

Hatua ya 1. Ripoti polisi uchukue PF3, yaani fomu ya polisi ya kutibiwa majeruhi. Ukiwa hali mbaya, spitali kwanza, fomu aifuate ndugu. Pata namba ya gari, jina la mmiliki, kampuni ya bima na simu za mashahidi.

Hatua ya 2. Weka karatasi. Hapa ndipo watu wanapopoteza haki zao. "Nimetibiwa bure spitali ya serikali, nidai nini?" Mengi! Dawa ulizonunua dukani, teksi, na kama umetoka Pemba ukapelekwa spitali ya Mnazi Mmoja, Unguja, tiketi ya boti yako na ya aliyekusindikiza. Gharama za namna hii mahkama inataka uzitaje moja moja na uzithibitishe; kusema "kama laki tano hivi" hakutoshi. Maumivu na ulemavu havina risiti, hakimu anavikadiria, lakini naye anahitaji ripoti ya daktari. Mvuvi au mkulima wa mwani hana hati ya mshahara, basi atafute daftari la mauzo, au mnunuzi wake aje kutoa ushahidi.

Hatua ya 3. Usikimbilie kutia saini. Tunapenda sulhu, na sulhu ni kheri. Lakini mwenye gari anakuja na wazee na bahasha, mnakaa kwa sheha (kiongozi wa mtaa), karatasi inaandikwa "sina madai mengine", na wewe mguu bado umo kwenye plasta. Miezi baadaye daktari anasema upasuaji tena. Karatasi ile itatolewa mahkamani dhidi yako. Pokea msaada wa matibabu, andikeni kuwa ni msaada wa matibabu tu, na mengine yangoje mpaka daktari aseme umefikia wapi.

Hatua ya 4. Muone wakili mapema. Madai yana ukomo wa muda. Ile miaka 3 mnayoisoma mitandaoni ni ya sheria ya Bara. Zanzibar ina sheria yake ya ukomo, basi msiipigie hesabu. Na kupigiana simu na kampuni ya bima hakusimamishi muda.

MASWALI

Swali (Wete): Gari ina bima ndogo tu. Si hainihusu?
Jibu: Inakuhusu hasa wewe. Bima ndogo ni ya mtu wa nje aliyeumizwa; asiyefaidika nayo ni mwenye gari kwa gari lake mwenyewe.

Swali (Kwahani): Dereva wa daladala hana hata baiskeli. Nimshitaki wa nini?
Jibu: Alikuwa kazini, basi mwenye gari naye anawajibika. Washitakiwe wote wawili.

Swali (Makunduchi): Naweza kwenda kwa Kadhi anipe diya?
Jibu: Mahkama ya Kadhi ina ndoa, talaka, mirathi na mfano wa hayo. Majeraha yanakwenda mahkama za kawaida.

Swali (Chake): Nilipanda pikipiki bila helmeti. Nimeshapoteza?
Jibu: Usijihukumu mwenyewe. Mwambie wakili ukweli wote, maana upande wa pili watalitaja tu.

Swali (Mkoani): Na asiye na pesa ya wakili?
Jibu: Kituo cha Huduma za Sheria Zanzibar kipo Unguja na Pemba, na muulize sheha wako alipo msaidizi wa sheria wa karibu nawe. Nenda na PF3, ripoti ya daktari na risiti zako. Wape nakala, za asili baki nazo.