Mapafu usiyasikilize mgongoni tu
Wanaosoma anatomia, msikariri tu kwamba pafu la kulia lina lobu (yaani sehemu zake kubwa) 3 na la kushoto 2 (moyo umeegemea kushoto, ndo maana kule nafasi imebana), angalieni na mipasuo (nyufa zinazotenganisha lobu) inavyopita, ule wa mshazari uko kwenye mapafu yote mawili, unashuka toka mgongoni kuja mbele mpaka usawa wa ubavu wa 6, kwa hiyo ukiweka stetoskopu mgongoni sehemu kubwa unasikia lobu ya chini. Ile ya kati ya kulia huko huipati! Njoo mbele kulia, chini ya ubavu wa 4, sogea hadi karibu na kwapa. Nimonia ikikaa hapo na we umesikiliza mgongo peke yake inakupita hivihivi, na anayeumia ni mgonjwa.