Les Misérables ya miaka tofauti kwa jioni moja: mwongozo kwa vikundi vya filamu Mbeya na Iringa

Riwaya ya Victor Hugo ilitoka mwaka 1862, na tangu enzi za filamu bubu waongozaji hawajaacha kuirudia. Kikundi kinachotaka kufuatilia matoleo yake mara nyingi huanza na lile la 2012, kinaliangalia lote dakika 158, watu wanachoka, na wiki inayofuata ukumbi ni mtupu. Afadhali uchukue tukio moja tu, ulionyeshe katika matoleo manne au matano kwa kufuata miaka, kisha watu wajadili. Filamu nzima zije baadaye, watazamaji wakishajua wanatafuta nini.

Matoleo ya kutafuta

La 1934 la Raymond Bernard ndilo msingi. Lilitolewa kama filamu tatu, jumla yake inazidi saa nne na nusu, na Harry Baur ni Jean Valjean, mhusika mkuu aliyetoka gerezani: mzito, mchovu, mwenye mwili wa mtu aliyebeba mawe kweli. Kama mtapata moja tu la zamani, liwe hili. Mwaka mmoja baadaye Hollywood ikatoa la Richard Boleslawski, dakika 108, Fredric March akiwa Valjean na Charles Laughton akiwa Javert, polisi anayemsaka. Kuyaweka haya mawili jirani ni somo tosha: kitabu kilekile, miaka ileile, lakini moja lina nafasi ya kupumua na jingine linakimbia.

Ongezeni la Jean-Paul Le Chanois la 1958 lenye Jean Gabin, la Bille August la 1998 lenye Liam Neeson na Geoffrey Rush, la nyimbo la Tom Hooper la 2012, na tamthilia ya BBC ya vipindi sita iliyoanza kurushwa mwishoni mwa Desemba 2018, Dominic West akiwa Valjean na David Oyelowo akiwa Javert. La Robert Hossein la 1982, lenye Lino Ventura, ni zuri ila linaweza kusubiri.

Angalieni msichukue filamu ya Ladj Ly ya 2019 kwa makosa. Jina ni lilelile, lakini ni hadithi ya polisi na vijana wa Montfermeil ya leo, mji ambao Hugo aliweka nyumba ya wageni ya akina Thénardier. Ni filamu kali, ila Valjean hayumo.

Tukio la kuanzia: vinara vya askofu

Lina mwanzo na mwisho unaoonekana, halimhitaji mtu aliyesoma kitabu, na karibu kila toleo linalo. Valjean ametoka gerezani Toulon mwaka 1815 baada ya miaka 19: mitano kwa kuiba mkate, kumi na minne kwa kujaribu kutoroka. Askofu Myriel wa Digne anamlaza na kumlisha. Usiku Valjean anaiba vyombo vya fedha. Asubuhi askari wanamrudisha, na askofu anawaambia alimpa mwenyewe, tena amesahau vinara viwili.

Kata kila kipande kianzie Valjean anapobisha mlango, kiishie anapoachiwa na askofu. Kabla ya kuonyesha, wape watazamaji karatasi yenye maswali matatu tu: wizi unaonyeshwa au unasimuliwa? Askofu anashtuka au ametulia? Valjean anaonekana ameelewa alichoambiwa? Mkiweka maswali kumi, watu watatazama karatasi badala ya skrini.

Swali la tatu ndilo lenye nyama. Kitabuni askofu anamwambia asisahau kwamba ameahidi kuzitumia fedha hizo kuwa mtu mwema, na Valjean hakumbuki kuahidi kitu chochote. Mtazame mwigizaji usoni hasa sekunde ile. Anayeonyesha shukrani peke yake amepitwa na jambo, maana Hugo aliandika mtu aliyeduwaa. Katika toleo la 1998 Valjean anampiga askofu usiku ule, jambo ambalo kitabuni halipo. Waulize watazamaji kama kosa kubwa zaidi linafanya msamaha uwe mzito au linaupotosha. Katika la 2012 askofu ni Colm Wilkinson, aliyekuwa Valjean wa kwanza jukwaani London mwaka 1985, katika tamthilia ya nyimbo ambayo filamu hii imetokana nayo. Semeni hilo baada ya kipande, si kabla.

Muda ukibaki, onyesheni kinachofuata. Kitabuni Valjean anamnyang'anya mtoto Petit-Gervais sarafu ya sou 40 (fedha ya zamani ya Kifaransa) mara tu baada ya kusamehewa, na kosa hilo ndilo linalomfanya atafutwe kama mhalifu aliyerudia. BBC wameliweka. Toleo la 2012 halina, kwa hiyo Javert anamsaka kwa kuvunja masharti ya kuachiwa. Mtazamaji asiyeambiwa hili atabaki akidhani Javert ni kichaa, wakati kitabuni ana sheria mkononi.

Mitambo, na yanayoharibika

Anzeni baada ya giza. Mwezi Juni jua la Mbeya huzama karibu saa kumi na mbili na nusu jioni, Desemba linavuka saa moja. Ukumbi wenye mapazia mepesi na projekta ya lumeni 2,000 (kipimo cha mwangaza) hautoshi kwa filamu ya 1934, kwa sababu sehemu kubwa ya picha ni kivuli. Lumeni 3,000 na mapazia mazito ndiyo salama. Projekta nyingi za kawaida zinahitaji mita 3 hivi kwa picha yenye upana wa mita 2. Filamu za 1934 na 1935 karibu ni za mraba, ya 1958 ni pana sana. Pimeni skrini kwa ile pana, na msiruhusu mtu avute picha ya zamani ijaze skrini: nyuso zinanenepa na kazi ya mpigapicha inapotea.

Umeme ukikatika ghafla, feni ya projekta husimama taa ikiwa bado ya moto, na taa hufa mapema. Unganisha projekta kwenye UPS, kifaa chenye betri ya akiba; hata ndogo itakupa dakika chache za kuizima kwa utaratibu. Kama inabebwa kutoka nje kwenye baridi ya Julai, iache ndani ya begi ukumbini nusu saa kabla ya kuiwasha, la sivyo lenzi inashika ukungu.

Mvua kwenye bati ndiyo adui mkubwa, na Tukuyu wanaijua kuliko wote. Sauti ya filamu za miaka ya 1930 ni nyembamba, haishindani nayo hata ukiongeza sauti, inakwaruza tu. Kati ya Novemba na Aprili tafuteni ukumbi wenye dari, au wekeni filamu za zamani kwenye miezi ya kiangazi. Spika ziwe mbele, usawa wa masikio ya waliokaa.

Sabtaito, yaani maandishi ya tafsiri chini ya picha, zinasumbua kuliko yote. Faili lililotengenezwa kwa fremu (picha moja moja za filamu) 25 kwa sekunde likiwekwa kwenye filamu ya fremu 23.976, kufikia dakika ya kumi maneno yamepishana na midomo kwa sekunde 25 hivi, na pengo linazidi kukua. Kwenye VLC, programu ya kuchezea video, herufi G na H husogeza maneno mbele au nyuma, lakini hiyo inatibu pengo lisilokua. Hili la fremu litengenezeni mapema kwa programu ya Subtitle Edit, sehemu ya kubadilisha kasi ya fremu. Kwa sababu hiyohiyo msilinganishe dakika za DVD ya Ulaya na za faili la Marekani: DVD ile hukimbia kidogo, na dakika 158 huwa kama 152.

Mkiandika sabtaito za Kiswahili wenyewe, mistari isizidi miwili, kila mmoja herufi 40 hivi. Kiswahili kinarefuka kuliko Kifaransa. Punguzeni maneno, msipunguze ukubwa wa herufi. Mtafsiri wa kusema kwa maiki anafaa zaidi kwenye filamu bubu ya Henri Fescourt ya 1925, ambako anasoma maandishi ya skrini bila kumfunika mwigizaji.

Maonyesho ya hadhara yanahitaji kibali, hasa mkitoza kiingilio. Anzieni kwa afisa utamaduni wa halmashauri. Riwaya yenyewe ni huru, Hugo alifariki 1885, lakini filamu nyingi kati ya hizi bado zina wenyewe.

Wiki zinazofuata

Jioni ya pili chukueni kesi ya Champmathieu, mtu anayekaribia kufungwa kwa jina la Valjean. Baur na March kila mmoja amecheza watu wote wawili, na kuona jinsi sura moja inavyogawanyika ni raha ya pekee.

Jioni ya tatu ni vizuizi vya barabarani. Tangazeni mapema kwamba haya ni maasi ya Juni 1832, baada ya mazishi ya Jenerali Lamarque, si Mapinduzi ya 1789. Kosa hili hujitokeza karibu kila mjadala na hula nusu saa.

Ya nne ni miisho. Filamu za 1935 na 1998 zinafunga kwa kifo cha Javert mtoni Seine, Valjean akiwa hai na huru. Kitabu kinaendelea hadi Valjean anapokufa, vinara vya askofu vikiwa vinawaka. Toleo la 2012 linafika kwenye kifo hicho, ila limekihamishia kwenye nyumba ya watawa.

Ya Claude Lelouch ya 1995 iwe ya mwisho kabisa, na ionyesheni nzima. Jean-Paul Belmondo ni mbeba samani asiyejua kusoma, wakati wa Vita Kuu ya Pili, anayeisaidia familia ya Kiyahudi na kusomewa riwaya hii. Ukiitanguliza, nusu ya picha zake hazitaeleweka.