Namna ya Kufuatilia Mashindano ya Tenisi ya Wanawake ya Båstad Ukiwa Unguja au Pemba

Mtu anayetaka kujifunza kufuatilia tenisi ya wanawake kwa makini asianze na Wimbledon. Ushauri wangu ni aanze na mashindano madogo, na miongoni mwa hayo sioni yanayofaa zaidi kuliko yale yanayochezwa mwezi wa Julai katika mji wa Båstad, kusini mwa Sweden. Yana wachezaji 32 tu katika mchezo wa mmoja mmoja, yanamalizika ndani ya wiki moja, na tofauti ya wakati baina ya huko na kwetu ni saa moja, kwa hiyo aliyeko Mkoani au Makunduchi anaweza kuyafuata mwanzo hadi mwisho bila ya kukesha hata usiku mmoja. Mimi huyafuata kwa simu, daftari na kalamu, na nitaeleza hapa namna ninavyofanya.

Kwanza ujue unachokifuata. Båstad ni mji mdogo wa pwani katika jimbo la Skåne, kwenye Ghuba ya Laholm, na herufi ya pili ya jina lake husomwa kama "o" iliyovutwa, hivyo tamko lake liko karibu na "Boostad". Viwanja vyake ni vya udongo mwekundu, yaani matofali yaliyosagwa yakashindiliwa. Mashindano ya wanaume yalianza hapo mwaka 1948. Ya wanawake, kwa sura yake ya sasa, yana asili ya kuhamahama: mwaka 2002 na 2003 yalichezwa Espoo, Finland, mwaka 2004 yakahamia Stockholm, na mwaka 2009 yakaletwa Båstad. Baada ya 2017 yalitoka katika ngazi kuu ya WTA, chama cha wachezaji wanawake kilichoundwa 1973, kisha mwaka 2019 yakarudi katika daraja la chini yake linaloitwa WTA 125. Kwa msomaji wa Afrika liko jambo jengine la kulijua kuhusu mji huu: Mei 1968 waandamanaji walizuia hapo mechi ya Kombe la Davis, mashindano ya timu za taifa za wanaume, baina ya Sweden na Rhodesia (Zimbabwe ya sasa), nchi iliyokuwa chini ya utawala wa wazungu wachache, na mechi hiyo ikalazimika kuchezwa Bandol, Ufaransa. Mimi siwezi kuutaja mji huo bila ya kuwakumbuka watu wale.

Daraja la WTA 125 lisikufanye ukayadharau mashindano haya. Tangu 2024, namba iliyo katika jina la daraja ndiyo idadi ya pointi anazopata bingwa: 125, 250, 500 au 1000, na mashindano makuu manne ya dunia (Australian Open, French Open, Wimbledon na US Open) hutoa 2000. Katika daraja la 125 anayeshindwa fainali hupata pointi 81, anayeishia nusu fainali hupata 49, na anayeishia robo fainali hupata 27. Pointi hizo zinaonekana chache mpaka umjue anayezitafuta. Mchezaji aliye nafasi ya 110 au 120 katika orodha ya ubora duniani yumo ukingoni, kwa sababu wanaoingia moja kwa moja katika mashindano makuu ni takriban 100 wa mwanzo, na waliobaki hulazimika kupita katika mchujo. Orodha ya kuingia US Open, inayochezwa New York, hufungwa takriban wiki sita kabla ya mashindano kuanza, maana yake katikati ya Julai. Kwa hiyo wanawake wengi unaowaona Båstad wanagombania mlango wa New York, na ukilifahamu hilo utaelewa kwa nini mechi ya raundi ya pili, mbele ya watazamaji wachache, inaweza kuchezwa kama fainali.

Wala usidhani kwamba wanaopita njia hii hubaki wadogo. Svetlana Kuznetsova, aliyeshinda Espoo mwaka 2002, alitwaa US Open mwaka 2004. Agnieszka Radwańska wa Poland alipata taji lake la kwanza la WTA Stockholm mwaka 2007, na mwaka 2012 akafika fainali ya Wimbledon. Caroline Wozniacki wa Denmark naye taji lake la kwanza alilipata Stockholm mwaka 2008, akawa namba moja duniani mwaka 2010 na bingwa wa Australian Open mwaka 2018.

Hatua inayofuata ndiyo yenye kazi, nayo ni kuiandika droo, yaani mpangilio wa nani anacheza na nani, kwa mkono wako. Najua kwamba simu inaonyesha kila kitu, lakini kioo cha simu huonyesha kipande kidogo kwa wakati mmoja, na anayesoma droo kwa vipande hapati kuiona njia ya mchezaji. Chukua karatasi mbili za daftari kubwa, uzibandike kwa gundi zikawa ndefu, kisha upige mistari 32 upande wa kushoto na kuandika jina moja katika kila mstari kwa mpangilio ule ule uliotolewa na waandaaji. Kila majina mawili yaunganishe kwa mabano yanayoelekea mstari mmoja wa kulia, utapata mistari 16. Halafu minane, halafu minne, halafu miwili, na mwisho mstari mmoja wa bingwa. Bingwa hushinda mechi tano na jumla ya mechi zote ni 31. Mwaka jana niliitandaza karatasi yangu juu ya jamvi barazani, na mpwa wangu wa darasa la sita, ambaye hajawahi kushika raketi, aliinama akaifuata kwa kidole kutoka jina la chini kabisa hadi mstari wa bingwa, akaniuliza kwa nini namba moja na namba mbili wamewekwa mbali hivyo. Hilo ndilo swali la kuanzia.

Jibu lake ni kwamba wachezaji wanane wenye ubora wa juu kati ya walioingia hupewa namba, na namba hizo ndizo zinazowatenganisha. Namba moja hukaa mstari wa kwanza na namba mbili mstari wa mwisho, wasikutane kabla ya fainali. Namba tatu na nne hupigiwa kura kujua nani atakaa nusu ya juu na nani nusu ya chini, wasikutane na hao wawili kabla ya nusu fainali. Na wanane wote hawawezi kukutana kabla ya robo fainali. Waliobaki wote hupangwa kwa kura. Kandokando ya majina utaona herufi, na ni vizuri kuzinakili. Q ni aliyepita katika mchujo, kwa hiyo ameshacheza mechi kabla ya wenzake kufika uwanjani, amechoka lakini ameuzoea udongo. WC ni aliyealikwa na waandaaji, na huko Båstad mara nyingi ni msichana wa Kiswidi anayepewa nafasi nyumbani kwao. LL ni aliyeshindwa katika mchujo lakini akaingizwa kujaza nafasi ya aliyejitoa. PR ni aliyekuwa mgonjwa au amejifungua, akaruhusiwa kutumia nafasi yake ya zamani katika orodha ya ubora. Mimi huwapigia mstari wenye herufi kabla ya wenye namba, kwa sababu habari nzuri za wiki hutoka kwao.

Sasa tuje kwenye saa, ambako watu wengi hukosea. Wakati wa kiangazi saa ya Sweden iko nyuma ya yetu kwa saa moja, na ratiba yao huandikwa kwa mtindo wa saa 24. Kanuni niliyojiwekea ni fupi: chukua saa iliyoandikwa, utoe tano, na kama jibu limezidi 12 utoe 12 tena, utapata saa ya Kiswahili ya hapa kwetu. Mechi iliyoandikwa 11:00 itaanza saa sita mchana, muda mchache kabla ya adhuhuri. Ya 13:00 ni saa nane mchana. Ya 17:00 ni saa kumi na mbili jioni, kwa hiyo magharibi itakukuta ikiwa katikati ya seti ya kwanza. Ya 20:00, ukitoa tano unapata 15, ukitoa 12 unapata saa tatu usiku, nasi tumeshasali isha. Usishangae mechi kuchezwa wakati huo kwa mwanga wa mchana, kwani mwanzoni mwa Julai jua la Båstad huzama karibu na saa nne usiku kwa saa za huko.

Kabla ya kuitumia kanuni hiyo, hakikisha kwamba tovuti au programu unayoisoma haijakubadilishia saa yenyewe. Mimi niliwahi kuikosa seti nzima ya kwanza ya nusu fainali niliyoisubiri wiki nzima, kwa sababu simu ilikuwa imeshaonyesha wakati wa Zanzibar nami nikaongeza saa moja juu yake. Nilipofungua, yule niliyekuwa nikimwombea ushindi alikuwa ameshaachwa nyuma. Tangu siku hiyo hulinganisha ratiba na saa ya Stockholm iliyomo katika simu yangu kabla ya kuandika chochote. Jua pia kwamba katika kila uwanja ni mechi ya kwanza tu yenye saa ya uhakika. Zinazofuata huanza pale iliyotangulia inapomalizika, na palipoandikwa kwamba mechi haitaanza kabla ya saa fulani, maana yake inaweza kuchelewa lakini haitatangulia. Siku ya fainali nayo itazame mapema kwenye ratiba, maana inaweza kuwa Jumamosi.

Hesabu ya pointi hujifunzwa kwa dakika chache. Pointi ya kwanza ni 15, ya pili 30, ya tatu 40, na inayofuata humaliza gemu, isipokuwa wote wawili wakifika 40, ambapo mmoja lazima ashinde pointi mbili mfululizo. Anayefika gemu sita akiwa amemzidi mwenzake kwa mbili ameshinda seti, na anayeshinda seti mbili ameshinda mechi. Wakilingana sita kwa sita huchezwa gemu ya kuamua, ambayo mwisho wake ni pointi saba kwa tofauti ya mbili. Kwa mfano, mwaka 2015 Johanna Larsson wa Sweden alimshinda Mona Barthel wa Ujerumani katika fainali ya Båstad kwa 6–3, 7–6: ile 7–6 inakwambia kwamba seti ya pili iliamuliwa kwa gemu hiyo. Larsson alikuwa ameshindwa fainali mbili katika uwanja huo huo, mwaka 2011 mbele ya Polona Hercog na mwaka 2013 mbele ya Serena Williams, kwa hiyo pointi zile za mwisho zilikuwa na uzito ambao tarakimu hazionyeshi. Katika mchezo wa wawili wawili, wakigawana seti moja moja, badala ya seti ya tatu huchezwa gemu ya kuamua ya pointi kumi.

Ukiwa huna picha, jambo la kuliangalia katika tarakimu ni nani ameanzisha mpira. Alama ndogo kandokando ya jina hukuonyesha. Kwa kawaida mwenye kuanzisha ndiye anayetazamiwa kuishinda gemu, na mpinzani akimnyang'anya gemu hiyo, seti imegeuka. Ila udongo mwekundu hupunguza kasi ya mpira na kuurusha juu zaidi, hivyo faida ya mwanzishaji hupungua na gemu hunyang'anywa mara kwa mara. Mchezaji aliyeachwa moja kwa nne huwa bado hajapotea. Jang Su-jeong wa Korea Kusini alipoteza seti ya kwanza ya fainali ya 2022 dhidi ya Rebeka Masarova, akaishia bingwa kwa 3–6, 6–3, 6–1. Kwa sababu hiyo sifungi simu baada ya seti ya kwanza, na wewe nakusihi usifunge.

Kuhusu bando, usilimalize kwa picha za video katika raundi za mwanzo. Ukurasa wa matokeo ya moja kwa moja, katika tovuti ya WTA au programu yoyote ya matokeo ya michezo, ni maandishi matupu na hula data kidogo sana, kwa hiyo bando dogo la wiki linatosha kuanzia Jumatatu hadi robo fainali. Video iweke kwa nusu fainali na fainali, na kabla ya kulipia huduma yoyote hakikisha kwa maandishi kwamba inaonyesha mashindano haya na inapatikana Tanzania, kwa sababu katika miaka ya karibuni wiki ya Båstad hugongana na wiki ya pili ya Wimbledon na huduma nyingi huelekeza nguvu huko. Umeme ukikatika, karatasi yako inabaki palepale. Ukirudi unaanzia ulipoachia.

Baada ya fainali usiitupe droo. Orodha mpya ya ubora hutolewa Jumatatu, ifungue, na mbele ya kila jina kati ya yale 32 andika nafasi aliyokuwa nayo na aliyofikia. Mwishoni mwa Agosti, droo ya US Open itakapotoka, itandaze ile karatasi kando yake na uyatafute majina yako moja moja, nani ameingia moja kwa moja na nani amepitia mchujo.